Moshi Nyumbani kwa Kamanda Delsarte

Apa kwanza hutamwambia mtu. Mimi nilimwapia Lalla Kheira, mpishi wa nyumba yenyewe, nikafunga mdomo mpaka alipopinda kona. Haya, sogea.

Kamanda Delsarte, Mfaransa aliyezeekea vitani hapa Miliana, alikuwa akiandika kitabu cha kuwafundisha wenzake namna ya kututawala: barabara, masoko, visima, na askari wa kuvilinda. Alipofika kwenye habari za ule ukoo uliojificha pangoni, ambao yeye mwenyewe aliwawashia majani mlangoni mpaka moshi ukawamaliza, aliandika mistari miwili, akageuza ukurasa. Siku hiyohiyo nyumba ikaanza kunuka moshi. Kheira akafunua chungu cha kuskusi, hakuna kilichoungua.

Kesho yake mapazia yakaota masizi. Halafu ukutani kukaanza kukohoa watoto.

"Binti yangu, nawe unasikia?" Kheira alimnong'oneza Yamina, mtumishi wa ndani.

"Nasikia, lalla, bibi yangu. Fagia tu, kamanda asijue kama tunasikia."

Bahati mbaya, mama yake Yamina alitoka ukoo uleule, na kamanda alilijua hilo. Akasema msichana anataka kumchomea nyumba. Akamfungia ghalani, akawaita maofisa na kadhi waje mchana wamhukumu; akitiwa hatiani, angevushwa bahari kwenda gereza ambalo hajarudi kutoka humo mtu wetu hata mmoja.

Wakaja, wakanywa kahawa, wakamtania mzee kwamba amepigana na makabila mazima na sasa anamwogopa mfua mashuka. Kheira alikuwa anamimina kikombe kingine pale kikohozi kilipopanda kutoka sakafuni, kikazunguka kuta zote, cha watoto, cha wazee, cha mbuzi pia, na moshi ukaingia mzito wenye harufu ya nywele zinazoungua, hata maofisa wakasimama wakipapasana kama vipofu, na ndipo walipoona kiti cha kamanda ki kitupu.

Wakakimbilia ghalani. Walimkuta amepiga magoti, kibiriti mkononi, anasokomeza majani makavu ya farasi chini ya mlango, yameshashika moto, na Yamina ndani anagonga.

Kadhi akamdaka mkono. Kamanda hakugeuka wala hakupepesa jicho. Alisema polepole, kama anayemwamuru askari wake:

"Ongeza majani. Bado wanakohoa."