Wimbo wa Pongezi Usiopigwa

Kila asubuhi, ukungu ukiwa bado umelala bondeni, Eutimia alipeleka ndoo ya mahindi yaliyochemshwa kwenye mashine ya kusaga. Akirudi, alimkuta bibi yake amekwisha kuwasha moto, na mshumaa mbele ya picha ya Bikira Maria. Walisali kwanza, ndipo wakala chapati za mahindi na maharage. Kisha Eutimia alibeba klarineti yake akaenda shule pamoja na baba yake, Mwalimu Crisóforo, aliyefundisha darasa la tano na kuongoza bendi ya watoto. Katika milima hii ya Oaxaca, kusini mwa Mexico, mtoto hujua kupuliza ala kabla hajajua kugawanya.

Asubuhi hiyo hawakuzungumza njiani.

Langoni alisimama Delfino, mkono wake ukiwa bado kwenye plasta. Aliinama kwa madaha. "Shikamoo, binti wa mkuu! Tukuletee na kiti?"

"Niache, Delfino."

"Mbona unanuna? Ningejua mkono wangu utampandisha mtu cheo, ningedai hata soda!"

Wenzao walicheka. Eutimia alipita akaingia langoni.

Mambo yalianza siku kipaza sauti cha ofisi ya mji kilipomwita Mwalimu Ofelia, aliyefundisha darasa la sita, darasa la Eutimia na Delfino. Kipaza sauti hicho kikikuita, unakwenda. Hata padre huacha chakula mezani. Mwalimu Ofelia alisimama mlangoni akamwambia mwenzake wa darasa la jirani, "Mwalimu Crisóforo, niangalizie watoto wangu. Naitwa ofisini."

"Nenda tu, dada. Mimi nipo."

Eutimia alikaa karibu na mlango. Alisikia kila neno.

Lakini sikukuu ya mtakatifu wa mji ilikuwa karibu, na tuba, lile tarumbeta kubwa la bendi, ilikuwa imekwama. Mwalimu Crisóforo aliwapa wanafunzi wake kazi ya kunakili, akaenda kuitengeneza. Wa darasa la sita walipoona hawana mtu, walitoka nje. Delfino alipanda juu ya tangi la maji, akaanguka.

Mkaguzi wa elimu alikuja kuuliza. Mwalimu Ofelia alieleza kuwa aliwaacha watoto mikononi mwa mwenzake. Mwalimu Crisóforo alitazama sakafu. "Sikumbuki," alisema.

Basi Mwalimu Ofelia akasimamishwa kazi. Kiti cha mkuu wa shule kilikuwa wazi, na kwa miaka yake ya utumishi kilipaswa kuwa chake. Sasa kilimwangukia aliyemfuata, yaani Mwalimu Crisóforo.

Jioni ya kuamkia siku ya kumtangaza, wakati wa chakula, Eutimia alikuwa amejikaza. "Baba, mimi nilikusikia. Ulimwambia upo."

Kikombe cha kahawa cha baba yake kilisimama kabla hakijafika mdomoni. "Hayo ni mambo ya wakubwa. Kula."

Bibi aliinuka, akawasha mshumaa wa pili.

Sasa uwanja wa shule ulijaa wazazi. Mkaguzi alimshika mkono Mwalimu Crisóforo na kumtangaza kuwa mkuu mpya. Kwa desturi ya huku, mtu akipewa heshima, bendi humpigia papo hapo wimbo mfupi wa pongezi, na klarineti ndiyo huanza. Watu wote waligeuka kumtazama Eutimia. Klarineti ilikuwa imelala magotini pake.

"We, puliza!" Delfino alimnong'oneza. "Au midomo imekauka?"

Baba yake alisogea karibu. "Eutimia, mama, anza. Watu wanangoja."

"Nikipuliza, baba, na mimi nitakuwa nimesema uongo."

Machozi yalimtiririka. Moyoni alisali: Bwana, msaidie baba yangu. Hakujua aombe nini zaidi.

Mwalimu Crisóforo alisimama akitazama ile klarineti. Kisha aliwageukia watu. Sauti yake ilikwaruza.

"Ndugu zangu, nilisema sikumbuki. Nakumbuka vizuri. Mwalimu Ofelia aliniachia watoto, nami nikakubali, nikawaacha. Nilikitaka kiti hiki."

Minong'ono ilienea uwanjani. Mkaguzi alikunja uso. "Unajua unachojifanyia?"

"Najua. Mrudisheni yeye. Anayestahili kusimamishwa ni mimi."

Ndivyo ilivyokuwa. Mwalimu Ofelia alirudishwa kazini na kupewa ukuu wa shule. Mwalimu Crisóforo alisimamishwa hadi mwisho wa muhula. Siku moja, yeye na Eutimia walipokuwa wakipalilia mahindi, Mwalimu Ofelia alikuja mpaka shambani.

"Darasani huruhusiwi," alisema, "lakini bendi ni mali ya mji. Kesho nakabidhiwa shule, na sitaki kupigiwa na bendi isiyo na mwalimu wake."

"Dada, nitakutazamaje?"

"Kwa macho hayohayo uliyowatazamia watu ukasema kweli." Kisha alimgeukia Eutimia. "Nawe, mwanangu, shika hili. Nilipoteza kazi kwa sababu mtu mmoja alilificha neno la kweli. Mtu asipolisema neno hilo, mwenzake ndiye anayelilipia. Ukilisema utaumia, na uwapendao wataumia. Lakini jioni utasali bila kuona haya."

Kesho yake bendi ilijipanga uwanjani. Mwalimu Ofelia alipokabidhiwa funguo za shule, Mwalimu Crisóforo aliinua mkono. Eutimia alivuta pumzi, akaanza wimbo.