Mapepeo ya Harusi ya Somoe

Naima alikuwa darasa la sita katika shule moja ya msingi huko Mitwero, nje kidogo ya mji wa Lindi. Kila alipotoka shule alivua sare, akaenda kuchota maji bombani, kisha akaketi barazani kuchambua mchele na dada yake, Somoe. Hapo ndipo walipopiga soga zao zote. Lakini mwezi ule alichambua mchele peke yake. Somoe alikuwa amewekwa ndani, uso umepakwa liwa, hatoki wala hashiki jiko, akingojea kuolewa na kijana wa Miteja aitwaye Iddi.

Jioni moja mama yao alimwita Naima.

"Wageni tutawalisha washibe, Mungu akijaalia," alisema. "Lakini sitaki waondoke mikono mitupu. Kila mwanamke apate kitu kidogo cha kwenda nacho kwake. Wewe una macho ya kuchagua, basi nichagulie. Ila usinitafutie kitu cha bei, mwanangu. Korosho za baba yako zimeshageuka mchele na mbuzi."

"Vikombe, mama," Naima alijibu papo hapo. "Kama vile vya harusi ya mjini."

Ilikuwa miaka ya ruksa, biashara zilipofunguliwa. Maduka yaliyokuwa matupu kwa muda mrefu yalikuwa yamejaa tena, na vitu vingi vilitoka Dubai. Katika harusi moja mjini, kila mgeni alikuwa amepewa kikombe cha plastiki chenye ua jekundu na ukingo wa dhahabu. Tangu siku hiyo Somoe na Naima hawakuacha kuvizungumzia.

Kesho yake Naima alikwenda dukani na shangazi yake, Binti Pazi. Mwenye duka alipotaja bei, shangazi alicheka kidogo, akamshukuru, akamshika mpwa wake mkono wakatoka. Vikombe vya bei nafuu vilikuwepo pia, lakini vilikuwa vyepesi kama ganda la yai.

"Usinune," shangazi alimwambia. "Twende tukaalike watu. Labda tutapata wazo njiani."

Nyumba ya kwanza ilikuwa ya Mama Scholastica, jirani yao aliyehamia kutoka Newala. Scholastica, binti yake, alisoma darasa moja na Naima. Walimkuta mama huyo akiwasha jiko la mkaa, akilipepea kwa kipande cha boksi kilichochanika.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Karibuni, moto wenyewe leo una kiburi."

Naima aliona kitu karibu na banda la kuku. Kilikuwa kikombe cha ile harusi ya mjini. Ua lilikuwa limefutika, na vifaranga walikuwa wakinywea maji.

"Kilikuwa kizuri," alisema Mama Scholastica. "Nilipokiosha, ua likatoka. Nilipotia chai ya moto, kikapinda. Sasa wanakifaidi hao."

Katika nyumba ya pili walimkuta mwanamke akipuliza moto kwa mdomo huku machozi yakimtoka kwa moshi. Katika nyumba iliyofuata walikuwa wakipepea kwa mfuniko wa sufuria. Walipokaribia kwao, Naima alisimama.

"Shangazi, hakuna hata nyumba moja yenye pepeo la ukindu."

"Siku hizi nani anasuka?"

"Wewe unajua kusuka."

"Najua, na ukindu upo wa kutosha. Lakini mikono yangu miwili haitoshi harusi nzima."

"Nifundishe. Nitakusaidia mpaka mwisho."

Mama alilipenda wazo hilo. Somoe hakulipenda. "Mapepeo?" alisema kwa sauti ndogo. "Watu wa Miteja watasema tumewapa vitu vya jikoni." Kisha akageukia ukutani.

Naima alimwonea huruma dada yake. "Tutakuonyesha kwanza," alimwambia. "Usipoyapenda, hatutayatoa."

Walichemsha ukindu katika rangi ya zambarau na ya kijani, wakauanika, wakauchana chane nyembamba. Scholastica naye alikuja kujifunza. Mwanzoni vidole vya Naima viliuma, lakini pepeo lake la kwanza lilipokamilika, alilipepea usoni mpaka mkono ukachoka.

Siku zilivyopita, kazi ilimchosha. Kila alasiri alisikia wenzake wakicheza rede uwanjani. Akaanza kuharakisha. Badala ya kuzungushia mpini ukindu na kuukaza kama alivyofundishwa, alifunga fundo moja tu. Mapepeo hayo yaliyolegea aliyapanga chini ya kapu, mazuri akayaweka juu.

"Yamekwisha, shangazi," alisema.

Shangazi alimbusu kwenye paji la uso. "Nimefurahi sana. Wewe ni mtu wa kutegemewa."

Naima alikimbilia uwanjani, lakini hakuona raha ya mchezo.

Asubuhi ya siku iliyotangulia harusi, Somoe aliomba kuyaona. Alichukua pepeo la juu, akaligeuzageuza, akajipepea taratibu. Kwa mara ya kwanza baada ya siku nyingi, alitabasamu.

"Naima, haya ni mazuri. Mimi ndiye niliyekosea."

Naima alitaka kufurahi, lakini machozi yalimtangulia. "Dada, ya chini si mazuri," alisema.

Somoe alitia mkono chini ya kapu, akatoa moja, akalitikisa. Pepeo likaanguka, mpini ukabaki mkononi. Shangazi alisimama mlangoni akitazama.

"Uliniambia yamekwisha," alisema.

"Nilidanganya, shangazi. Nilitaka kwenda kucheza. Nilidhani wageni wataona wakishafika kwao."

"Na wakishafika kwao, watalitaja jina la nani?"

Naima aliinamisha kichwa. "La dada."

Shangazi hakumgombeza. Aliketi kwenye mkeka, akamwaga kapu lote. "Basi fumua," alisema. "Kamwite na Scholastica. Tuna mchana mzima."

Waliketi wakafumua na kukaza upya. Baada ya muda Somoe naye akasogea.

"Mwari hashiki kazi," shangazi alimkumbusha.

"Hii si kazi, shangazi. Ni harusi yangu." Akachukua mpini, akaanza kuufunga, na soga za dada wawili zikarudi kama zamani. Kabla ya adhana ya magharibi, hapakubaki pepeo lililolegea.

Siku ya harusi joto lilikuwa kali chini ya turubai. Mapepeo yalipogawiwa, wanawake hawakungoja kufika kwao; walianza kujipepea palepale. Turubai zima likajaa zambarau na kijani. Mama Iddi, mkwe wa Somoe, alilivuta la kwake kwa nguvu, akaupima mpini.

"Nani kasuka hili?"

"Tumesuka wengi, mama," Naima alijibu. "Shangazi, rafiki yangu Scholastica na mimi. Na dada mwenyewe amefunga mipini."

"Bibi harusi?" Mama huyo aliinuka, akaingia ndani alikoketi Somoe, akamshika mikono yote miwili yenye hina. "Kumbe nimepata mkwe mwenye mikono," alisema, na Somoe akainama kwa haya na furaha.

Wageni wa Miteja walipoondoka, wanawake waliwapungia wenyeji mapepeo kutoka juu ya lori mpaka lilipokata kona. Naima na shangazi yake walibaki wamesimama barabarani.

"Zawadi haipimwi dukani, Naima," shangazi alisema. "Hupimwa siku aliyepewa anapoihitaji. Kitu cha bei ndogo kikitengenezwa kwa uangalifu, humheshimu mgeni. Kikitengenezwa ovyo, humtia aibu mwenye harusi. Kwa hiyo kazi yako ifanye vizuri hata pale asipotazama mtu. Na ukikosea, sema mapema kama ulivyosema jana, tukusaidie kurekebisha."

"Nimesikia, shangazi."

"Haya, twende. Masufuria yanatungoja."

Naima alimshika mkono, wakarudi nyumbani wakicheka.