Mke Mwenza wa Nyuma ya Pazia

Jua lilikuwa linazama nilipompelekea mume wangu chakula kwenye jumba la sinema, pale Asakusa. Matonge ya wali mkononi, mtoto mgongoni.

Picha hazina sauti. Mume wangu Tomezo hukaa nyuma ya pazia na kusema maneno ya mwanamke wa kwenye picha: mke aliyeuawa na mumewe pamoja na kichanga chake, akarudi kulipiza kisasi. Watu husema aliishi kweli, na waigizaji wa jukwaani huenda kwanza kaburini kwake kumwomba ruhusa.

Nilimwonea wivu mwanamke yule. Nyumbani Tomezo alininong'oneza tu, eti anatunza koo. Sauti nzuri yote ilikuwa ya yule.

Mzee Gensuke, anayetunza viatu vya watazamaji mlangoni, alinisogezea kiti kama kawaida yake. "Bi mdogo, umemletea mke mwenzio chakula?"

"Mwambie aje apike mwenyewe."

Akacheka. Ndani, sauti ya mwanamke ikaanza kulia. Tomezo hajawahi kulia vizuri namna ile...

Nikazunguka hadi mlango wa nyuma.

Tomezo alikuwa ameketi nje, kitambaa shingoni.

Ndani, kilio kiliendelea.

"Nani analia?" nikanong'ona.

"Koo langu limekauka tangu juzi," akajibu kwa shida. "Ni yeye mwenyewe."

Harufu ya ubani ilitoka ndani.

"Hamkwenda kaburini kwake kumwomba ruhusa?"

"Bosi alisema hii ni picha tu, si jukwaa. Shii... msikilize."

Alikuwa anatabasamu. Hajawahi kunisikiliza hivyo. Akachukua tonge moja, akaingia, akaliweka kwa mikono miwili mbele ya mto aliozoea kuukalia kazini.

Tonge nililofinyanga mimi.

Nikamfuata ndani. "Dada," nikasema, "huyu ana mtoto. Niachie."

Kilio kikakatika.

Mto ulikuwa mtupu, lakini umebonyea.

"Mchukue," sauti ikasema, nyuma yangu, karibu sana na shingo. "Mimi sitaki mume."

Nikainama, nikamshukuru.

Tomezo alipona. Siku hizi ananisimulia mambo mpaka usingizi unanichukua. Kaburini nilipeleka ubani na maua, nikadhani yamekwisha.

Jana mtoto wetu alisema "mama" kwa mara ya kwanza. Nikapiga magoti, nikamnyooshea mikono.

Hakunitazama. Alikuwa ameelekea kona tupu ya chumba, anacheka, mikono juu, kama anayesubiri kubebwa.