Ruhusa ya Utani

Siku Maganga alipofariki, kipoza cha mkewe kilifanya kazi vizuri kuliko siku nyingine yoyote.

Ilikuwa asubuhi. Nyamizi alikuwa sebuleni akikunja nguo wakati Ndahani, aliyefanya kazi na Maganga kwenye shamba la zabibu, alipoingia bila kubisha hodi, kofia mkononi. Alisema Maganga ameanguka kati ya mistari ya mizabibu, kashika kifua. Mashine zilizokuwa zikichuma zilimzunguka kama zilivyofundishwa kuzunguka jiwe, zikaendelea na kazi. Watu walipomfikia alikuwa amekwishakata roho.

Nyamizi alihisi kitu kikimpanda kutoka tumboni, kizito na cha moto. Kilipofika kooni, nyuma ya sikio lake la kushoto ikasikika sauti nyembamba kama ya mbu, kisha ubaridi ukamteremka mabegani. Akatulia. Akamaliza kukunja shati alilokuwa amelishika. Lilikuwa la Maganga.

"Asante kwa kuja, Ndahani," alisema. "Umekula?"

Ndahani aliliangalia lile shati, kisha akamwangalia yeye.

Kipoza ni kidude chenye ukubwa wa punje ya haragwe. Hupachikwa chini ya ngozi, nyuma ya sikio, na hukaa humo kikisikiliza: mapigo ya damu, mkazo wa taya, kasi ya pumzi, pamoja na sauti za watu walio karibu. Kikiona hasira inachemka, hutuma umeme mdogo sana kwenye mshipa wa fahamu, na mwenye hasira hupoa. Hakimlewishi mtu wala hakimsahaulishi. Unakijua vizuri kilichokuudhi, ila hakikuudhi tena.

Dodoma ya wakati huo, jiji la treni zisizo na dereva na mapaa ya vioo vinavyokunywa jua, ilivipokea vipoza kwa mikono miwili. Ilikuwa na sababu. Watu walichoka kuzika wanawake waliopigwa na waume zao. Walichoka na vijana waliochomana visu kwa kugombea kiti cha baa. Dada yake Ndahani, aitwaye Nyemo, aliishi miaka mingi akilala na viatu miguuni ili apate kukimbia mumewe akirudi amechafukwa. Tangu mumewe apachikwe kipoza, alilala peku. Hakuna ambaye angeweza kumwambia Nyemo kwamba kipoza ni kitu kibaya.

Nyamizi mwenyewe alikuwa fundi wa vipoza katika kituo cha mtaa. Chake alikipachika kwa hiari, kabla kazi haijamlazimisha. Miaka ya mwanzo ya ndoa alikuwa na hasira za karibu. Akiudhika, sufuria ndizo zilizotangulia kusema. Maganga akizisikia zikigongana jikoni alijisemea, "Leo sufuria zina neno," kisha akatoka nje kwenda kuangalia kuku, na kuku hawakuwa nao. Siku moja sahani iliruka, ikapasukia ukutani, kipande kikamchana Maganga juu ya jicho. Hakupiga kelele. Alikaa kwenye kigoda na kitambaa usoni, damu ikipenya vidoleni, akasema, "Nyamizi, ungenipofua."

Wiki ileile alikwenda kituoni. Tangu hapo sahani zilidumu.

Msibani watu walimtazama sana. Mama mkwe wake, Bi Kabula, aliyekuja kwa treni kutoka Tabora, alikuwa amelia mpaka sauti ikamwisha. Yeye hakuvaa kipoza. Alipoulizwa kwa nini, alikuwa akijibu kwamba amezeeka na hasira zake na wamekwishazoeana. Nyamizi alipita kati ya mikeka akiwamiminia watu chai, uso mkavu.

"Hata chozi?" alinong'ona mwanamke mmoja nyuma yake.

"Labda hawakuwa wakielewana."

Bi Kabula akamvuta upindo wa khanga, akamkalisha kando yake. "Mkamwana, mbona umekauka hivi?"

"Kila kikija kinapoa, mama."

"Nini?"

"Kilio. Nadhani kilio changu kimechanganyika na hasira. Kidude hakijui kuvitenganisha, kinapoza vyote."

Bi Kabula aliutazama upande wa sikio lake kama mtu anayetazama jipu.

Kipoza kilikuwa na ruhusa moja tu. Mwaka wa kwanza wa vipoza, misiba mingi iliharibika. Watani walipokuja kuwatolea wafiwa maneno, kama desturi inavyotaka, vidude vilishtuka vikidhani ni ugomvi, vikawapoza watu waliotakiwa wacheke na kujibu. Wafiwa walikaa kama magogo. Watani wakarudi makwao wamenuna, wakisema wamedharauliwa. Ndipo mafundi walipopewa kazi ya kukifundisha kipoza utani: kiijue sauti ya mtani, mwendo wa maneno yake na vicheko vinavyomzunguka. Kikivitambua, kikae kimya mpaka atakapomaliza. Katika mtaa wao Nyamizi ndiye aliyerekodi Wagogo na Wanyamwezi, watani wa tangu zamani, wakirushiana maneno, na sauti ya Ndahani ilikuwa mojawapo. Mafundi waliuita mlango huo ruhusa ya utani.

Jeneza lilipotaka kutolewa, Ndahani alikuwa amesimama katikati ya lango. Alivaa ovaroli ya Maganga, kofia ya Maganga na viatu vya kazi vya Maganga, vikubwa, vimejaa vumbi jekundu.

"Kuna nini hapa?" aliuliza kwa sauti ya juu. "Nimeona vumbi nikajua ama ni kimbunga, ama Wanyamwezi wamesikia pilau."

"Wewe Mgogo!" mjomba wa Maganga alimjibu kutoka chini ya turubai. "Ukiona watu wengi unadhani mnada wa ng'ombe. Toka njiani!"

"Sitoki. Si mnajisifu kwa kubeba mizigo? Nibebeni na mimi, niwekeni juu yake."

"Utanuka maziwa, utamwamsha marehemu!"

Watu wakacheka, na katika kucheka mabega yakalegea. Kisha Ndahani akabadilika. Alilaza bega la kushoto, akakunja uso namna Maganga alivyoukunja akitembea juani, akaanza kuburuta hatua kuelekea kwenye mikeka ya wanawake. Bi Kabula alishika mdomo. Alikuwa ni mwanawe yule yule, anatembea.

Ndahani alijigongagonga kifuani, akacheua.

"Ni gesi, mke wangu," alisema kwa sauti ya Maganga. "Ni gesi tu. Niletee soda."

Uwanja ulilipuka. Bi Kabula alicheka huku machozi yakimtoka.

"Jana ilikuwa gesi. Juzi nilikuwa nimelalia mto vibaya. Mwezi uliopita ni zabibu, nilikula mbichi. Mimi hospitali nakwenda kumwona mgonjwa tu, bwana!" Alifika mbele ya Nyamizi, akajishika juu ya jicho. "Mnaliona kovu hili? Sahani! Mke wangu mkali huyu. Na jino langu je? Jino lilioza, nikasema litapona lenyewe. Akavitupa viatu vyangu uani, akanifungia mlango, akanigombeza mpaka mtaa mzima ukatoka nje. Nikaenda kung'oa jino na ndala miguuni, nalia kama mtoto. Nikapona!"

Aliinama, uso wake ukawa karibu na wa Nyamizi.

"Kifua kilipoanza, akanipa chai ya tangawizi."

Vicheko vilianza vikakatika. Nyuma ya sikio la Nyamizi kipoza kilikaa kimya. Sauti ilikuwa ya mtani, maneno ni ya utani, na yeye mwenyewe ndiye aliyekifundisha kunyamaza.

Hasira ikapanda yote. Kwanza ilimshika Ndahani, kisha ikampita, ikamfikia Maganga na gesi yake, Maganga na mto wake wa kulalia. Ikaenda mbele zaidi, ikamkuta Nyamizi amesimama mlangoni asubuhi fulani, mumewe kakaa kitandani anajikanda mkono wa kushoto. Alikumbuka joto lilivyoanza asubuhi hiyo, mbu wa kipoza akalia, naye akasema kwa upole, "Haya, utaona mwenyewe," akaenda kutwanga tangawizi. Haikuwa asubuhi moja. Zilikuwa nyingi, na zote zilikuwa tulivu.

Alijikuta amemkaba Ndahani ukosi. Ovaroli ilinuka jasho la Maganga.

"Gesi!" alipiga kelele. "Gesi gani, wewe mwanamume? Gesi gani!"

Machozi yakamtoka kwa mara ya kwanza. Wanawake walisimama. Ndahani aliogopa, akauacha utani hapo hapo. Sauti yake ikarudi kuwa yake.

"Shemeji, nisamehe," alisema. "Nimevuka mpaka."

Kipoza kikasikia kwamba utani umekwisha. Mbu akalia. Ubaridi ukashuka, vidole vya Nyamizi vikafunguka kimoja kimoja bila yeye kuviambia. Akaunyoosha ukosi wa ovaroli kwa kiganja.

"Hakuna neno, Ndahani," alisema. "Umekula?"

Bi Kabula aliona yote hayo. Ndiye aliyeanza kulia upya.

Siku chache baada ya maziko, wageni walipokwisha kuondoka, Ndahani alirudi mchana kurudisha nguo. Viatu aliviweka mlangoni. Hakutaka kukaa.

"Sikutaka kukuumiza, shemeji. Nilitaka ulie. Watu walikuwa wanasema."

"Najua."

"Kule shambani kila aliposema gesi nilimcheka. Nilimwita bibi kizee. Nikawa najiambia, huyu mkewe ni mkali, atamkokota tu." Aliigeuza kofia mkononi. "Sote tulikuachia wewe kazi ya kukasirika."

Ndahani alipofika langoni aligeuka.

"Lakini shemeji, usije ukavichukia vipoza vyote. Nyemo yu hai kwa ajili ya kazi yako."

"Sivichukii," Nyamizi alisema. "Nataka kukitoa hiki changu tu."

Aliingia ndani akaleta mkoba wake wa kazi na kioo, akampa Bi Kabula kioo akishike usawa wa dirisha.

"Hebu ngoja," Bi Kabula alisema. "Ukikitoa, kazi je?"

"Fundi asiyevaa haruhusiwi kumpachika mtu mwingine. Nitaacha."

"Kwa sababu ya maneno ya Mgogo?"

"Kwa sababu nilimkasirikia, mama. Nilimkasirikia Maganga mbele ya jeneza lake, na ilikuwa kama kumwona tena. Kisha nikanyang'anywa." Alipaka dawa ya ganzi nyuma ya sikio. "Sina kingine kilichobaki cha kumpa. Alistahili nimgombeze akiwa hai. Sikumgombeza."

Bi Kabula alinyanyua kioo kidogo. "Na hizo sahani zako?"

"Chache zitavunjika."

"Basi nzuri nitazificha," Bi Kabula alisema.

Kazi yenyewe ilikuwa ndogo, Nyamizi alikwishaifanya kwa mamia ya watu. Punje ilitoka na damu kidogo tu. Aliiweka kwenye kisosi, ikawa bado inalia mbu wake ikimtafuta mtu wa kumpoza, mwishoni ikanyamaza.

Kwa muda hakikutokea kitu. Nyamizi alibandika chai. Alifuta meza. Alipokwenda kufunga mlango kwa ajili ya vumbi, akaviona viatu vimekaa pale, vidole vyake vimeelekea ndani, kama Maganga alivyozoea kuviacha kila siku ingawa aliambiwa kila siku avigeuze.

Alichukua kimoja akakirusha uani kwa nguvu zake zote. Akarusha cha pili.

"Nilikwambia!" alipiga kelele. "Sikukwambia? Unajua ni gesi, wewe daktari? Nenda! Nenda hospitali sasa hivi, usirudi humu mpaka umekwenda!"

Jirani mmoja alichungulia juu ya ukuta, akamwona Bi Kabula, akarudi ndani. Bi Kabula alitoka uani polepole, akaokota viatu, akavikung'uta, akavirudisha mlangoni. Nyamizi akavitupa tena. Alimwita Maganga mjinga, alimwita mwoga, alimwita kwa jina walilokuwa wakiitana wakiwa wawili tu. Bi Kabula akaokota, akarudisha. Nyamizi akavitupa tena, sauti imekwishaanza kukauka.

Safari hiyo Bi Kabula alisimama na kiatu mkononi, mkono mwingine kiunoni.

"Mkamwana," alisema, "sikukatazi. Ila tupa karibu, mgongo unaniuma."

Nyamizi alicheka, na kicheko hicho kikageuka kilio kikamlaza chini kizingitini. Alilia mpaka kilio kikaisha chenyewe. Hakuna kilichokikata. Kilipokwisha, alikuwa mchovu kama mtu aliyetoka kulima, na ilikuwa bado mchana.

Siku hizi kituo cha mtaa kina fundi mwingine. Bi Kabula amerudi Tabora na sahani nzuri ameziacha mahali ambapo Nyamizi hajapaona bado. Sufuria zinagongana tena mara mojamoja. Ameshagombana na jirani juu ya maji, wakanuniana, wakapatana.

Kabla ya arobaini ya Maganga alikwenda kwa wenye shamba la zabibu. Walikuwa watu watulivu, kila mmoja na kipoza chake, wakamweleza kwa upole kwamba mashine zilifanya zilivyofundishwa. Wakamkaribisha chai. Hakuinywa. Aligomba ofisini kwao, akarudi kesho yake akagomba, akarudi tena, mpaka wakamwita fundi wa mashine azifundishe upya, ili Nyamizi apate kuondoka.

Sasa mtu akianguka kati ya mizabibu, mashine zote husimama.