Daraja Lisilo na Mwenyewe

Fundi baiskeli alikuwa na mzigo mmoja ambao hakuupakia kwenye keria: mama yake. Kila baada ya miezi miwili alimbeba mgongoni kuvuka kijito, ampeleke zahanati kupimwa na kuchukua dawa za shinikizo la damu. Daraja lilikuwa magogo matatu, na moja lilishaoza.

"Polepole, baba," mama alimwambia kila safari. "Mimi nilikubeba miezi tisa na sikukutikisa hivi."

Siku moja, wakirudi, fundi aliteleza. Hawakutumbukia majini, lakini mama aligonga goti. Walipofika nyumbani aliketi kitandani, akasema bila hasira:

"Sivuki tena. Dawa hizi zikiisha, zimeisha."

Mama yule akisema amesema. Fundi aliingiwa na hofu ya kumpoteza.

"Kata ya ng'ambo wanatudharau," alimwambia mkewe huku akifuta grisi mikononi. "Nimewaandikia barua tano. Jibu ni lile lile, daraja si letu."

"Na ofisi ya kata yetu umeiuliza?"

"Niiulize nini? Mpaka ni kijito. Ng'ambo ni kwao. Kila mtu anajua."

"Huyo kila mtu ndiye nani? Kuuliza si ujinga, mume wangu."

Asubuhi fundi alikwenda. Mama naye aling'ang'ania, na safari hii akakaa kwenye keria, maana njia ya ofisini haivuki maji. Karani wa kata aliwasikiliza, kisha akaondoa kalenda ya mwaka juzi iliyofunika nusu ya ramani ukutani.

"Mpaka ni huu mstari mweusi," alisema. "Umefuata kijito, hadi chini ya mwamba mweupe."

"Kijito hakipiti mwambani," fundi alibisha. "Mwamba uko mbali, ng'ambo kabisa."

"Kilipita," mama alisema. "Yalikuja mafuriko, wewe bado unanyonya. Maji yakahama, yakaja huku kwetu. Kwenye mkondo wa zamani nikapanda maharage, mpaka magogo yaliponitisha."

Karani aliweka kalamu chini. "Mama, ramani hii ilichorwa kabla ya mafuriko. Maji yamehama, lakini mpaka haujabadilishwa. Kwa hiyo kijito cha leo kiko ndani ya kata yetu, kingo zote mbili. Daraja ni letu."

Fundi alimgeukia mama yake. "Miaka yote hiyo ulinyamaza?"

"Nani aliniuliza?"

Karani alicheka, kisha akawaelekeza. Jumamosi kungekuwa na mkutano wa wananchi. Wasinung'unike pembeni. Wasimame, waseme, na wahakikishe ombi limeandikwa kwenye muhtasari. "Diwani hupeleka halmashauri kilichoandikwa," alisema. "Maneno ya kibarazani hayana muhuri."

Jumamosi mama alisimama na mkongojo wake akaeleza habari ya mafuriko. Wazee wawili walikumbuka. Ombi likaandikwa, na diwani akalipeleka. Halmashauri ilikubali kutoa mbao na fundi seremala, wananchi wachimbe na kubeba mawe. Kila Jumatatu fundi baiskeli alikwenda kuuliza limefikia wapi, hata karani akamwekea kiti chake. Kata ya ng'ambo nao walileta vijana kumi wa kusaidia. Fundi aliona haya kwa yote aliyowasema, akawaomba radhi.

Daraja lilikamilika mama akiwa amebakiza vidonge vya siku tatu. Asubuhi hiyo fundi alichuchumaa ukingoni, kama alivyozoea, akamgeuzia mgongo.

"Inuka, baba," mama alisema. "Hili lina vishikio."

Akavuka mwenyewe, hatua kwa hatua, fundi akimfuata nyuma mikono mitupu. Ng'ambo alisimama kidogo, akaitazama ile ardhi yake iliyomea magugu chini ya mwamba mweupe.

"Twende zahanati," alisema. "Halafu kesho uniletee jembe."