Oili Nzito

Kabla sijaanza, anayegongagonga meza kwa kidole aache. Hadithi hii haitaki kusindikizwa.

Ilianza na sufuria ya dengu. Ruksana aliibandika jikoni asubuhi, na ilipopata moto akasikia chini yake ngo, ngo, ngo, kama mgeni anayebisha hodi kwa kifundo cha kidole. Akafunua. Dengu hazijachemka hata. Akaepua, sufuria ikapoa, kukawa kimya. Akabandika tena, ikapata moto, ngo, ngo, ngo.

"Azmat!" akamwita mumewe. "Njoo usikie dengu zako zinabisha hodi."

Azmat alikuja akicheka, kipande cha roti mkononi. Alisikiliza kidogo na kicheko kikamkauka.

"Zima jiko."

"Nizime, ule nini?"

"Nimekwambia zima, Ruksana."

Hakumweleza sababu. Mdundo ule aliujua. Alikuwa ameusikia wiki iliyopita, tena si jikoni bali ndani ya injini ya gari.

Azmat Buksh alikuwa na gereji nyumbani kwake, mjini Ba, kando ya barabara inayotoka Nailaga, karibu na kiwanda cha sukari. Kila gari la mtumba lililoshuka kutoka Japani likaja kuugua upande wetu wa Fiji, liliishia kwake. Alikuwa fundi hodari, asikudanganye mtu, na hilo ndilo linaloniuma mimi. Asiyejua tungemsamehe.

Gari lenyewe, alilolinunua ili aliuze, lilikuwa jeusi, refu, viti vya ngozi, mbao zinazong'aa mbele ya dereva, milango inayojifunga taratibu kama mtu mwenye adabu. Watu wetu hununua gari kwa makalio. Wakishakalia ngozi na kiyoyozi kikiwapuliza usoni, hakuna anayeuliza oili ilibadilishwa lini mara ya mwisho. Gari la kifahari likizeeka ni kama mfalme aliyepinduliwa: nyumba ya kupanga, lakini bado anataka kula vya mfalme. Hili wenyewe wa zamani walikuwa wamelilisha makombo. Azmat alipofungua kizibo cha oili alikuta tope jeusi. Alipoimwaga, ilishuka ikimetameta vumbi la chuma. Beringi za konrodi, ile mikono inayosukuma pistoni, zilikuwa zimelika. Likiwa baridi lilinyamaza, likipata joto liligonga. Injini imenoki.

Dawa yake inajulikana: ishushwe, ifunguliwe, ifungwe upya. Azmat hakufanya hivyo. Alifanya kile ambacho magereji hukifanya huku yakitazamana pembeni. Alichukua oili ya gia za malori, nzito kama asali ya mzinga, akaijaza humo. Unene wake ukaziba kugonga, injini ikanyamaza; ubovu ukabaki palepale.

Ndipo akaja Apisai wa Nailaga, mtu mnene, mcheshi, mtani wake wa miaka mingi. Alitaka kulinunua gari hilo, liwe la kubebea maharusi. Kama ilivyo desturi ya kwao, alikuja na mzizi wa yakona, kinywaji chao cha heshima, ukatwangwa, ukachujwa kwenye bakuli la mbao, wakaketi chini. Apisai akachota kwa kifuu, akamnyooshea mwenzake kwa mikono miwili.

"Mtani wangu, mimi na wewe tumezoea kudanganyana. Lakini leo niambie mbele ya bakuli hili. Injini ni nzima?"

Azmat alipiga makofi ya adabu, akapokea kifuu, akanywa kwa mkupuo mmoja.

"Nzima," akasema. "Haina neno."

Apisai akalipa, akaondoka na gari. Kwake yeye, neno likishasemwa mbele ya bakuli, wazee waliolala ardhini wamelisikia. Kwa Azmat yakona ilikuwa kinywaji cha kupitishia jioni. Amekaa na hawa watu tangu kuzaliwa, amekunywa nao hata ngozi yake imekauka kama ya wanywaji wote wa yakona, na bado hakujua anakunywa nini.

Siku ya pili ya ile sufuria, liligonga tangi la maji, saa sita mchana jua lilipolipata. Halafu pasi. Halafu mabati ya paa, yote kwa pamoja, ngo, ngo, ngo, mpaka wingu lilipopita. Ikaja na harufu, harufu ya oili iliyoungua, ikaingia kwenye wali, kwenye mashuka, kwenye vishati vidogo ambavyo Ruksana alikuwa amevikunja kabatini. Maana alikuwa mjamzito, mimba ya miezi saba, na zilizotangulia hazikufika. Kwa vile vishati mtu angempa Ruksana dunia nzima naye akaikataa.

"Ni paka darini," alisema Azmat.

"Paka gani anagonga akipata joto?"

Azmat alianza kuvaa viatu.

"Unaijua hii sauti," Ruksana akasema polepole. "Toka siku ile uso wako umebadilika. Ni nini?"

"Sijui."

"Basi lete sikio." Alimshika kichwa kwa mikono miwili, akamlaza tumboni kwake. Alianza kunong'ona, kana kwamba hataki kitu kingine ndani ya chumba kisikie. "Jana nilidhani ni ukuta, kwa sababu nilikuwa nimeuegemea na umepata joto la mgongo wangu. Si ukuta, Azmat."

Walikwenda kliniki siku hiyohiyo. Muuguzi alimpaka Ruksana mafuta tumboni, akakisogeza kile chombo cha kusikilizia, na moyo wa mtoto ukasikika, mbio mbio, mzuri, hata mama mtu akaanza kutabasamu. Kisha ndani ya ule mwendo ikaja ngo. Ikapita. Ngo. Muuguzi akakipiga chombo kofi, akaleta kingine. Ngo, ngo, ngo.

"Mashine hizi nazo!" alisema, lakini hakuwatazama. "Mtoto yupo, anacheza. Ila daktari inabidi asikilize mwenyewe."

Azmat alitoka nje akashika ukuta. Alisikia konrodi ikicheza kwenye beringi iliyolika, na alijua mwisho wake: hukatika, na injini ikafa.

Bila kumngoja daktari walitafuta mpungaji wa pepo, na aliyekubali kuja ni Bibi Jaitun, mwanamke mkali mwenye magoti mabovu, anayepunga kwa fagio la chelewa na aya za Mungu, hataki ubani wala kelele. Alifika baada ya alasiri. Alimkalisha Ruksana mkekani, akamfagia kutoka utosini hadi miguuni, akisoma chini chini. Alipofika tumboni, fagio lilianza kutetemeka. Ruksana akafumba macho, na kilichosema kinywani mwake kilikuwa na sauti ya chuma kinachosagana.

"Usinifagie. Mimi si taka."

Azmat alirudi nyuma mpaka ukutani.

"Nani wewe?" aliuliza Bibi Jaitun.

"Ninayegonga."

"Unamtakia nini mwanamke huyu?"

"Simtaki. Mimi hukaa ndani ya chuma. Chuma kikikaribia kufa, nagonga, watu wasikie, washuke, wapone. Kazi yangu ni hiyo tu. Huyo aliyesimama ukutani alinijaza oili nzito mdomoni. Ningekaa wapi? Nikamfuata kwake, nikagonga kila penye joto, na hakuna penye joto kama hapa nilipo."

"Utatoka?"

"Nirudishiwe mdomo wangu. Na yeye amwambie mwenye gari nilichokuwa nikisema."

Ruksana alianguka ubavu, akaamka akiomba maji. Bibi Jaitun alijifuta jasho, akamgeukia Azmat, na wala hakupunguza sauti.

"Umesikia, fundi? Neno ulilimeza, nenda ukalitapike. Kamwage oili yako, weka inayostahili, kisha umwambie mwenzio injini ni mbovu, kwa mdomo uleule ulionywea yakona yake."

"Nitaenda, Bibi. Kesho nitaenda."

"Nisikilize. Ukirudisha sauti halafu ukaficha maana yake, heri usiende kabisa."

Kesho yake Azmat alifika Nailaga na dumu la oili nyepesi, ile hasa inayotakiwa. Uani kwa Apisai watu walikuwa wamejaa, wanawake wakitandika mikeka, mihogo ikichemka. Gari jeusi lilikuwa limefungwa utepe mweupe. Siku ifuatayo lilikuwa limpeleke binti wa kaka yake Apisai kuolewa mji wa Rakiraki, ng'ambo ya vilima, yeye na nyanya yake na vitoto vya kushika maua.

"Mtani!" Apisai alipaza sauti. "Umefuata harufu ya muhogo?"

"Nimekuja kukubadilishia oili. Bure."

"Bure? Mwiteni daktari, mtu huyu anaumwa!" Watu wakacheka. Kisha Apisai akamshika bega, uso wake ukawa mpole. "Jamani, mtazameni. Fundi gani siku hizi anamfuata mteja mpaka nyumbani? Hawa ndio watu."

Sifa ile ilimwingia Azmat vibaya. Angetukanwa, pengine angesema. Aliingia chini ya gari, akaimwaga ile nzito, ikatoka kwa kujivuta, akajaza nyepesi, akawasha. Injini ilizunguka vizuri mpaka ilipopata joto. Ngo, ngo, ngo.

Apisai aliinamisha kichwa. "Mtani, hiyo nini?"

Wanawake waliacha mikeka. Bibi harusi alikuwa amesimama mlangoni, nywele zake zimejaa maua. Maneno yote ya Azmat yalikuwa tayari, aliyapanga njia nzima. Alimtazama yule mtu aliyemsifu, akawatazama watu waliosikia akisifiwa, na aibu ikamshinda.

"Ndiyo inavyopumua ikipata oili safi," alisema. "Itazoea tu."

"Wewe ndiye fundi," akajibu Apisai, akamkatia muhogo.

Nyumbani alikuta kimya. Jiko lilikuwa linawaka na sufuria haikugonga. Mabati, tangi, ukuta, vyote kimya. Ruksana alimkumbatia akalia kwa furaha, akamwuliza kama amemwambia Apisai, naye akasema ndiyo.

Asubuhi maji yalichemka bila kutoa sauti. Azmat alidhani ni masikio yake. Feni ilizunguka darini bila mvumo, mlango ukafungwa na upepo usilie, na kijiko kilichomponyoka kikatua sakafuni kama kimetua juu ya pamba. Alikwenda chumbani. Ruksana alikuwa ameketi kitandani, mikono miwili tumboni, hasogei.

"Azmat," alinong'ona. "Na yeye amenyamaza."

"Amelala."

"Nimekunywa maji baridi. Nimelala ubavu. Nimemwita. Hapigi, Azmat. Toka alfajiri hapigi."

Hapo ndipo sauti ilipokuja, ya pekee katika asubuhi ile nzima, kutoka upande wa Nailaga, mbali, kisha karibu, ngo, ngo, ngo, na Ruksana akashtuka, akajishika tumbo, akapiga ukelele, "Anapiga! Mtoto anapiga!", na kadiri ile sauti ilivyosogea ndivyo alivyozidi kucheka na kulia, na Azmat akatoka mbio hadi barabarani akaliona gari jeusi linakuja na utepe wake ukipepea, Apisai kwenye usukani na koti lake la harusi, nyanya mtu mbele, vitoto vimebanana nyuma na bibi harusi, na kila pigo la injini lilikuwa pigo alilolisikia kliniki, lilelile, moyo wa mwanawe ukipita barabarani ndani ya gari la mtu mwingine.

"Simama!" alipiga kelele, akikimbia ubavuni mwa gari. "Apisai, simama! Injini imekufa, nilikudanganya!"

Vitoto vilimpungia maua. Apisai alipiga honi kwa furaha, maana kwetu harusi ikipita watu hukimbia nayo wakishangilia.

"Anafifia!" Ruksana alilia kutoka mlangoni. "Azmat, anakwenda wapi? Anafifia!"

Azmat akafungua mdomo aseme tena simama, na mdomo ukamgomea, kwa sababu Apisai akisimama atazima injini, na ikizimwa hiyo, kinazimika nini, na asiposimama vipo vilima mbele, na gari limejaa watu, na oili ni nyepesi, na yeye ni fundi, anajua beringi ya namna ile ikilemewa hufika wapi, na Rakiraki haifiki. Akabaki anakimbia bila kusema kitu, mpaka pumzi ikamwishia karibu na kiwanda. Gari likapinda na barabara.

Alirudi akitembea. Ruksana alikuwa amekaa kizingitini, mikono bado tumboni, macho yake barabarani.

"Bado unaisikia?" aliuliza. "Mimi siisikii vizuri. Bado inagonga?"

Azmat aligeuza sikio upande wa Rakiraki, akasikiliza muda mrefu. Hakukuwa na chochote.

"Bado," alisema. "Haina neno."