Mafuta ya Taa Kwenye Chupa ya Maji

Kila asubuhi Mama Duka hufagia baraza, hupanga sabuni, kisha humngoja Bibi Kasoro. Mteja huyo haridhiki. Mchele una chuya, mkate umelala, mizani inamwonea. Lakini hununua kila siku, na ng'ambo ya barabara limefunguliwa duka jipya. Mama Duka anaogopa kumpoteza.

Siku hiyo Bibi Kasoro alitaka mafuta ya taa. Kidumu hakuja nacho.

"Nitilie kwenye hiyo chupa tupu ya maji."

"Bibi, hiyo si ya mafuta."

"Unanifundisha kununua? Wenzako ng'ambo hawana maswali."

Mama Duka akanywea. Akamimina. Mafuta yalikuwa meupe, ungeapa ni maji.

"Niwekee hapo kaunta. Napita kwa fundi cherehani, narudi."

Mama Duka akageuka kupima sukari. Kitinda mimba wake akaingia kutoka kucheza, koo limemkauka. Akaivuta chupa, akapiga funda. Akaanza kukohoa, macho yamemtoka.

Mama Duka akamwinamisha, amtie kidole kooni.

"Usimtapishe!" Alikuwa muuguzi, jirani yao, aliyefuata chumvi. "Yakipanda yataingia mapafuni. Wala usimpe maziwa. Mvue nguo iliyolowa, twende hospitali sasa hivi. Chukua na chupa, daktari aione."

Mtoto alilazwa, akasaidiwa kupumua, akapona. Mama Duka alikaa kando ya kitanda, hali, halali.

"Mtoto huangalia chupa, haangalii kilichomo," muuguzi akamwambia. "Mafuta, dawa ya madoa, sumu ya panya, kamwe visiingie kwenye chupa ya kunywea. Na viwekwe juu, mkono mdogo usifike."

"Na mteja akilazimisha?"

"Mwache akasirike. Hasira zitapoa. Mapafu hayauzwi dukani kwako."

Duka lilipofunguliwa tena, Bibi Kasoro akaja. Habari alizisikia, lakini mkononi ana chupa ya soda.

"Nitilie mafuta."

"Humo sitii, bibi. Lete kidumu."

"Basi naenda ng'ambo!"

"Nenda salama, bibi yangu. Ila chupa hiyo wajukuu zako wanaijua."

Bibi Kasoro akaitazama chupa. Akaondoka bila kuaga. Mama Duka akarudia kupanga sabuni zilizokwisha kupangwa.

Jioni kitu kiligonga kaunta. Kidumu, kimefungwa kitambaa chekundu shingoni.

"Jaza," alisema Bibi Kasoro. "Na usinipunje."